Kamera kitandani kwa mama

SWALI: Shikamoo Mwalimu. Mama yetu alifariki mwezi wa tatu. Siku ya mwisho nilimrekodi kwa simu, dakika 11, anapumua tu huku dada akimlowesha midomo kwa pamba. Kaka anasema nimemvunjia heshima marehemu, nifute. Uliwahi kumtaja Mmarekani aliyemrekodi mama yake akikata roho, akaonyesha hadharani. Yeye aliwezaje? (Msomaji, Tanga)

JIBU: Marahaba mwanangu, poleni sana. Huyo ni Bill Viola, msanii wa video. Mama yake alifariki 1991, na mwaka uliofuata akatoa kazi ya video iitwayo Nantes Triptych. Niliiona London mwaka 2019, kwenye jumba la sanaa la Royal Academy. Skrini tatu zimepangwa pamoja: kushoto mwanamke anajifungua, kulia mama yake Viola anakata roho, katikati mtu mwenye nguo zake anaelea majini. Viola mwenyewe aliponea chupuchupu kuzama ziwani alipokuwa na miaka 6, na maji hayaishi kwenye kazi zake.

Inachukua karibu nusu saa. Nilikaa nikaitazama mara mbili. Kilichonishika ni pumzi. Nilipofumba macho sikujua tena nani anahema, mzazi au mgonjwa. Mtoto alipotoka nikageukia kulia: mama wa watu yuko vilevile, mdomo wazi. Nililia, sioni haya kusema.

Hakumrekodi ili watu washangae kifo. Alimweka mama yake karibu na mtoto anayezaliwa. Mwaka 2007, katika kanisa dogo la San Gallo, Venice, aliwaonyesha wafu wakija mmoja mmoja, rangi ya kijivu, wanapenya ukuta wa maji, wanapata rangi, wanatutazama, kisha wanarudi walikotoka. Kazi hiyo ilitokana na shairi la Birago Diop wa Senegal, lisemalo waliokufa hawajaondoka. Bibi yangu angelielewa bila kufafanuliwa.

Kaka yako ana haki kwa jambo moja: isiende WhatsApp, hata kwenye kundi la ukoo. Viola aliwaweka watazamaji kwenye chumba cha giza, kimya. Simu haina chumba hicho. Lakini usifute. Ihamishie kwenye flashi, iweke sandukuni pamoja na kanga zake. Mimi baba yangu sina hata sauti yake, nakumbuka kikohozi tu.

Na aliyeshika pamba ni dada yako. Mkono wake umo kwenye picha hiyo. Yeye umemuuliza?