Kila Tunda na Saa Yake: Maswali Yenu ya Kaseroli ya Nguruwe

Karibu sana jikoni. Safari hii barua zenu karibu zote zinauliza kitu kimoja, kaseroli ya nguruwe na matunda, yaani ile nyama inakatwa vipande inapangwa kwa bakuli la oveni na vitunguu na matunda, inafunikwa, inaiva polepole na maji yake yenyewe. Jina ni la Kifaransa na maana yake ni sufuria tu, kwa hivyo msiliogope.

*Hujambo dada. Niko Nakuru, upande wa Langa Langa. Nilialika wageni nikaamua kuwapikia kaseroli ya nguruwe na nanasi kwa oveni ya stima. Nilikata nyama usiku nikaichanganya na nanasi ya kununua sokoni nikaweka kwa friji hadi kesho yake saa sita mchana. Ilipotoka kwa oveni, nyama kwa nje ilikuwa kama uji, ndani imekauka, na bakuli limejaa maji. Watu walikula kwa adabu tu. Nilikosea wapi? — Mama wa watatu, Nakuru*

Pole sana dadangu, na asante kwa kuandika kila hatua juu jibu liko hapo hapo kwa barua yako.

Kosa la kwanza ni ule usiku mzima. Nanasi mbichi ina kitu kinaitwa bromelaini, hicho ndicho kinachokuwasha ulimi ukila nanasi nyingi, na kazi yake ni kuvunja protini, sasa wewe ukailaza na nyama saa kumi na kitu ikala nyama kabla ya wageni wako. Chukua kipande kimoja cha nguruwe uweke kipande cha nanasi juu yake halafu uende ufanye kazi zako. Ukirudi baadaye uinue ile nanasi, utaona pale chini nyama imekuwa nyeupe nyeupe inateleza, ukipitisha kidole inatoka kama ugali wa jana ulioloweshwa. Friji inapunguza mwendo wa hiyo kazi lakini haiizimi. Moto ndio unaizima, na ndio maana nanasi ya mkebe haifanyi hivyo, ile imeshapikwa kiwandani. Papai bichi nayo ina tabia hiyo hiyo, wengi wenu mnaijua kwa nyama ngumu ya ng'ombe. Kwa hivyo nanasi mbichi ikaange kwanza dakika 5 au 6 kwa sufuria hadi itoe maji na ianze kupata rangi, au uiweke kwa bakuli zikiwa zimebaki dakika 30 tu. Ukitaka kulaza nyama usiku, ilaze na chumvi, kitunguu saumu na tangawizi peke yake.

Kosa la pili nadhani ni aina ya nyama. Ndani kukauka inaniambia ulipewa nyama ya mgongo, ile safi isiyo na mafuta, na mwenye buchari alidhani anakufanyia mazuri. Kaseroli inataka mkono, pale juu kwa bega, penye mafuta na zile nyuzi nyeupe ngumu. Zile nyuzi zikikaa kwa moto wa polepole muda mrefu zinayeyuka zinakuwa kama utelezi mtamu unaoshika mchuzi, na nyama inabaki na unyevu. Nyama ya mgongo haina za kuyeyusha, ikipita joto la nyuzi 70 inakauka tu. Mimi kwa kaseroli sinunui kitu kingine isipokuwa bega, na kwa hili sibadiliki hata niambiwe nini.

Na yale maji sasa. Nyama ilienda kwa bakuli bila kukaangwa, matunda yote yaliingia mwanzoni, na naamini uliongeza maji juu yake. Wacha nikuandikie vile mimi nafanya kwa watu 6. Kilo moja na robo ya bega, toa ngozi, kata vipande vikubwa kama kiberiti cha jikoni, visiwe vidogo. Pangusa kila kipande na kitambaa safi hadi kikauke, kwa sababu nyama yenye maji haipati rangi, inachemka tu. Paka chumvi kijiko kimoja na nusu cha chai na pilipili manga. Sufuria nzito, mafuta kidogo, moto wa juu, kaanga vipande vichache vichache bila kujaza sufuria, na usivigeuze geuze, sikiliza, mwanzoni inalia kwa kelele kubwa halafu ile kelele inashuka, hapo ndio upande wa chini umekuwa kahawia na kipande kinajiachilia chenyewe. Toa weka kwa bakuli. Kwa mafuta yale yale kaanga vitunguu viwili vikubwa, punje 5 za kitunguu saumu, tangawizi kama kidole gumba, karoti mbili, halafu mimina vijiko viwili vya siki, vijiko viwili vya soya sosi na nusu kikombe cha maji, ukwangue chini ya sufuria na mwiko, ile rangi iliyoshika pale ndio ladha yote. Mwaga juu ya nyama. Tupa kijiti cha mdalasini na tawi moja la rosemari, hapo Nakuru najua inamea kwa ua za watu wengi. Funika na foili ibane kabisa, oveni nyuzi 160, saa mbili. Nusu kikombe utaona ni kidogo utashawishika kuongeza. Usiongeze, nyama na matunda yatatoa ya kwao.

Matunda sasa, kila moja lina saa yake na hapa ndipo watu wengi wanaharibu. Matunda makavu kama zabibu na plamu kavu yanaingia mwanzoni kabisa juu yanahitaji muda kunywa mchuzi. Tufaha la kijani lile chachu linaingia zikibaki dakika 40, limetolewa mbegu lakini maganda yabaki lisipasuke likawa rojo. Nanasi zikibaki 30. Embe liwe limeiva lakini bado linakaza ukilibonyeza, na liingie dakika 20 za mwisho, hapo ndipo unatoa foili, unapandisha oveni hadi 200, mchuzi unakauka kidogo na kingo za matunda zinashika rangi. Usiweke yote manne kwa siku moja, chagua mawili, moja chachu na moja tamu. Ule uchachu ndio unakata mafuta ya nguruwe, Waingereza kwa sababu hiyo hiyo wanakula nguruwe wa kuoka na sosi ya tufaha, na Wafaransa wa Normandy wanampika na tufaha zao.

Kitu kimoja cha mwisho kwako wa Nakuru. Mji wenu uko mita kama 1,850 juu ya bahari, maji yanachemkia karibu nyuzi 94 badala ya 100, na nyama iliyofunikwa na mchuzi wake haipiti hapo. Kama mapishi umeyatoa kwa mtu wa Mombasa au ng'ambo, ongeza dakika 15 au 20. Nyama iko tayari ukichoma uma na ukizungusha inaachana bila kulazimishwa.

*Habari yako. Mimi ni kijana naishi Nyalenda, Kisumu, nina jiko la makaa na meko ya gesi ya kilo 6, oveni sina. Naweza kupika hii kitu ama ni ya watu wa oveni tu? — Bachela*

Unaweza kabisa ndugu yangu, na mimi kaseroli zangu za kwanza zote zilikuwa za makaa hapo hapo Kisumu. Kaanga kila kitu kwa meko kama nilivyoeleza. Halafu washa jiko, makaa yakishika vizuri hadi yana majivu meupe juu, gawanya, machache yabaki chini, mengi yaende juu ya mfuniko. Tafuta mfuniko wa bati ulio bapa ama sinia kuukuu ya chuma ambayo haikusumbui ikichomeka. Ukiweka makaa mengi chini nyama itashika na matunda yataungua kwa sababu sukari yao inaungua haraka, moto wa juu ndio unakupa ile sura ya oveni. Badilisha makaa ya juu baada ya kila dakika 40 hivi, na kila ukifunua inama usikilize, unataka sauti ya kububujika kidogo kidogo, ikichemka kwa nguvu toa kaa moja au mawili chini. Fanya nje ama kwa mlango wazi, tafadhali sana, moshi usioonekana wa makaa unaua watu ndani ya nyumba.

Na kama unaweza, badala ya sufuria ya alumini tumia chungu cha udongo, pale soko la Kibuye utavipata. Siki na matunda machachu yakikaa saa mbili kwa alumini yanaokota ladha ya chuma, chungu hakina hiyo shida. Ila chungu kipashe moto polepole kikiwa na mchuzi ndani, usikitoe kwa baridi ukakitupa kwa makaa, kitapasuka.

*Dada mimi niko Busia na naogopa nguruwe juu ya minyoo. Watu husema ukipika na limau ama nanasi minyoo inakufa. Ni kweli? — Mwenye hofu*

Si kweli, na nakuomba uwaambie na wengine. Limau, siki, nanasi, hakuna hata moja inaua tegu. Moto ndio unaua. Hofu yako ina msingi, huko Busia watafiti wamefuatilia huyu mnyoo miaka mingi kwa sababu nguruwe wengi wanaachiliwa watembee, wanakula kinyesi cha watu kwenye vyoo vibovu, wanameza mayai ya tegu, yanaanguliwa na watoto wake wanaingia kwa nyama yao. Ukila nyama hiyo mbichi nusu unapata tegu tumboni. Lakini kuna njia nyingine ambayo watu hawaisemi, ukimeza mayai yenyewe kwa mikono michafu ama mboga zisizooshwa, yanaanguliwa na watoto wake wanaweza kwenda hadi kwa ubongo wakaleta kifafa, hata kama hujawahi kuonja nguruwe maishani.

Kwa hivyo nunua kwa buchari yenye nyama iliyopigwa muhuri wa mkaguzi. Ukikata ukaona vijifuko vyeupe vyenye maji, vidogo kama punje ya mchele ama harage dogo, usikate sehemu hiyo ukatupa ukapika iliyobaki, rudisha nyama yote na umjulishe afisa wa mifugo. Niliwahi kuviona mwenyewe kwa nyama niliyouziwa kando ya barabara bila muhuri, nilikaa na kisu mkononi nikawaza watoto wangapi mtaani wamekula kutoka kwa huyo huyo nguruwe. Tangu siku hiyo bila muhuri sinunui. Kuhusu moto, kaseroli ya saa mbili inafika nyuzi 85 na zaidi katikati ya nyama, hapo hakuna tegu anapona. Osha ubao na kisu kwa maji moto na sabuni kabla ya kukata matunda.

*Shemeji yangu ni Msabato na anakuja Kakamega mwisho wa mwezi. Nimpikie nini na wengine wanataka nguruwe? — Mke wa nyumba*

Mpikie kuku kwa mtindo huo huo, kwa sufuria na mwiko ambao haujagusa nguruwe, na umwambie wazi ipi ni ipi kabla hajaketi mezani. Mapaja ya kuku yanatosha dakika 50, nanasi na tufaha yaingie pamoja zikibaki 25.

*Ikibaki inakaa siku ngapi? — Msomaji, Njoro*

Friji siku 3, iingie ndani ya saa mbili tangu itoke kwa moto. Kesho yake utakuta mafuta yameganda juu, yaondoe na kijiko ndio upashe, na upashe kile mtakula tu, hadi mchuzi uchemke.