Wahispano wa New Mexico hawakuhamia Marekani

Mkuu umeuliza hao wanavijiji wa kaskazini mwa New Mexico wanaoongea Kihispania walihamia Marekani lini. Hawakuhamia bana, Marekani ndo iliwafuata. Wahenga wao walianza kuingia na Juan de Oñate, kiongozi wa walowezi wa Kihispania, 1598, hata nchi inayoitwa Marekani haijazaliwa, halafu baada ya vita ya Marekani na Mexico ukaja mkataba wa Guadalupe Hidalgo 1848, Mexico ikaiachia Marekani eneo hilo, wakajikuta wako chini ya bendera nyingine.

Chukua kijiji cha Las Trampas, kilianza 1751 na familia 12 zilizopewa ardhi na gavana wa Kihispania, kila familia na shamba lake karibu na maji ila malisho na kuni mlimani ni vya wote. Hapo kwenye vya wote ndo vijiji vingi vililizwa, ardhi nyingine ikaishia kwa mawakili kama malipo, nyingine 1897 mahakama ya juu kabisa ya Marekani kwenye kesi ya Sandoval ikasema ni ya serikali, kinyongo hicho hakijaisha mpaka leo.

Kilichobaki hai ni mifereji yao ya kumwagilia mashamba, inaitwa acequia. Baridi ikiisha wenye mashamba wanatoka na makoleo kuisafisha, usipoenda unalipa mtu akufanyie, na mayordomo, yaani msimamizi wa mfereji waliyemchagua wenyewe, ndo anapanga nani afungue maji lini.