Mwisho wa Hadithi Aliuamua Nani? Ushauri kwa Msomaji wa Fasihi ya Magharibi Kuhusu Wanawake Wapendao Wanawake

Nilipokuwa nikiandaa tasnifu yangu ya shahada ya pili katika fasihi linganishi, nilipiga mistari kwenye daftari na kutengeneza jedwali la safu tatu: jina la kazi, mwaka wa kuchapishwa, na kilichompata mwanamke apendaye mwanamke mwenzake hadithi inapokwisha. Safu ya tatu ilijaa upesi. Paquita wa Balzac, mwandishi Mfaransa, katika riwaya fupi ya 1835, anauawa kwa jambia na mpenzi wake wa kike. Carmilla wa Sheridan Le Fanu, mnyonya damu wa 1872, anapigiliwa kigingi moyoni na kukatwa kichwa. Stephen Gordon wa Radclyffe Hall, katika riwaya ya 1928, anajifanya msaliti makusudi ili mpenzi wake Mary akate tamaa na kwenda zake na mwanamume. Martha, katika tamthilia ya Lillian Hellman ya 1934, anajipiga risasi. Nikaandika sura nzima nikihitimisha, kwa uhakika wa mtu aliyekwisha kuhesabu maiti, kwamba waandishi wa Magharibi waliwaona wanawake hao kuwa wagonjwa wasiostahili kuishi.

Msimamizi wangu aliirudisha sura ile ikiwa na swali moja tu pembeni, kwa kalamu ya risasi: mwisho huu aliuamua nani? Nilikasirika, kwa sababu nilidhani jibu lake li wazi kwa kila mtu. Ilinichukua muda mrefu kuelewa kwamba nilikuwa nimesoma vitabu bila kusoma mazingira yaliyovizaa, na kwamba sura yangu, niliyoiandika kwa nia ya kuwatetea wanawake hao, ilikuwa imewazika mara ya pili. Ninaandika ushauri huu kwa ajili ya mwanafunzi, mwalimu au msomaji wa kawaida anayetaka kuingia katika fasihi hii, ili asipoteze mwaka kama nilivyoupoteza mimi.

Kwanza niseme neno kuhusu maneno. Pwani yetu ina neno msagaji, na kila anayelijua anajua pia jinsi linavyotamkwa. Kwa watu wengi ni tusi kabla ya kuwa jina. Katika maandishi yangu husema wanawake wapendao wanawake, kwa sababu ndivyo fasihi yenyewe inavyowaonyesha ikiandikwa vizuri: watu wenye mapenzi, wivu, subira na barua zisizojibiwa. Neno lesibiani linatokana na kisiwa cha Lesbos huko Ugiriki, alikoishi mshairi Sappho miaka ya 600 kabla ya Kristo, lakini matumizi yake kama jina la aina fulani ya watu yalienea mwishoni mwa karne ya 19 tu. Kwa hiyo usimbandike mhusika wa 1816 utambulisho ambao mwandishi wake hakuwa na jina lake. Eleza anachofanya na anachohisi, na msomaji wako atakufuata.

Ukitaka kuanza, ninakushauri uanze na riwaya mbili za Marekani zilizotoka mwaka mmoja, 1952, na uzisome moja baada ya nyingine bila kuweka kitabu kingine katikati. Ya kwanza ni Spring Fire, ambayo Marijane Meaker aliiandika kwa jina la Vin Packer. Ilikuwa moja ya zile riwaya za jalada laini za senti 25, zilizouzwa vituo vya mabasi na katika maduka ya dawa, na nakala zake ziliuzwa zaidi ya milioni moja. Inawahusu wasichana wawili wa chuo, Mitch na Leda. Mwishoni Leda anarukwa na akili na kupelekwa hospitali, naye Mitch anajiambia kwamba hakuwahi kumpenda. Niliposoma kurasa hizo za mwisho nilihisi kama mtu mwingine ameingia chumbani na kumnyang'anya mwandishi kalamu, na kwa kiasi fulani ndivyo ilivyokuwa. Meaker alieleza baadaye kwamba mhariri wake alimwekea sharti tangu mwanzo: mapenzi yale yasiishie kwa furaha, kwa sababu vitabu vilisafirishwa kwa posta, na wakaguzi wa posta wangeweza kuvikamata kama vitu vya aibu endapo vingeonekana kuyasifu maisha hayo. Meaker mwenyewe aliuona mwisho ule kuwa wa aibu kiasi kwamba kwa miaka mingi alikataa kitabu kichapishwe tena, hadi 2004.

Ya pili ni The Price of Salt ya Patricia Highsmith. Yeye pia alijificha nyuma ya jina la kubuni, Claire Morgan, kwani alikuwa ameanza kupata sifa kwa riwaya za uhalifu, na mchapishaji wake wa awali aliukataa mswada huu. Therese ni kijana wa miaka 19 anayeuza wanasesere katika duka kubwa la New York wakati wa Krismasi; Carol ni mwanamke aliye katikati ya talaka, anayekuja kumnunulia binti yake zawadi. Mume wa Carol anakodi mpelelezi awafuate safarini, na ushahidi unaopatikana unamfanya Carol ampoteze mtoto wake. Kwa hiyo usidhani kwamba hii ni riwaya ya raha tupu, maana gharama inayolipwa ni kubwa na inauma. Hata hivyo hakuna anayejiua, hakuna anayepelekwa hospitali, na katika ukurasa wa mwisho Therese anavuka chumba chenye watu akimwendea Carol. Barua za wasomaji zilimiminika kwa Claire Morgan kwa miaka, wanawake na wanaume wakimshukuru kwa kuwaachia wahusika wake uhai. Highsmith aliruhusu jina lake halisi liwekwe kwenye jalada mwaka 1990 tu.

Ukiziweka riwaya hizi mbili kando kwa kando, utaona kwamba nchi ni moja, mwaka ni mmoja, hofu ni ileile, na miisho imeachana kabisa. Kwa hiyo mwisho wa Leda hauwezi kuchukuliwa kuwa ndiyo imani ya zama zile kuhusu wanawake wale. Ni ushahidi wa ofisi fulani, posta fulani na biashara fulani ya vitabu. Tangu hapo nimejiwekea desturi ya kusoma ukurasa wa hakimiliki na dibaji kabla ya kuamini hatima ya mhusika yeyote. Nani alichapisha? Kwa jina gani? Je, kitabu kiliwahi kupigwa marufuku, na kwa hoja ipi?

Hilo la marufuku ninaliwekea mkazo, kwa sababu kesi ya The Well of Loneliness, ile riwaya ya Radclyffe Hall yenye Stephen Gordon, ilinifundisha zaidi kuliko kitabu chenyewe. Ni riwaya ndefu, nzito, iliyojaa huzuni na sala, na tendo la mapenzi limefunikwa kwa sentensi fupi moja inayosema tu kwamba usiku ule hawakutenganishwa. Lakini tarehe 16 Novemba 1928, katika mahakama ya Bow Street jijini London, hakimu Chartres Biron aliamuru nakala zake ziteketezwe. Waandishi wengi walikuwa tayari kutoa ushahidi, Virginia Woolf na E. M. Forster wakiwemo, naye akakataa kuwasikiliza. Soma hoja yake kwa makini: kilichomkera ni kwamba kitabu hakikumlaumu mtu yeyote, kwamba kiliwaombea wanawake hao nafasi ya kuishi kama watu wengine. Hapo ndipo safu ya tatu ya jedwali langu ilipopata maana yake. Sheria ingeweza kumvumilia mwanamke wa namna hiyo kitabuni akiwa mwovu, mgonjwa au marehemu. Isichoweza kumvumilia ni yule asiye na hatia. Radclyffe Hall alimpa Stephen huzuni ya kutosha kuua ng'ombe, na bado haikutosha.

Wiki chache kabla ya hukumu ile, Oktoba 1928, Woolf alikuwa amechapisha Orlando, riwaya ya mtu anayeishi zaidi ya miaka mia tatu, anayelala akiwa mwanamume na kuamka akiwa mwanamke, na ambaye anaendelea kuwapenda wanawake kama alivyowapenda awali. Kitabu kimetolewa kwa heshima ya Vita Sackville-West, mwanamke ambaye Woolf alimpenda, na picha zake zimo ndani. Hakikuguswa na mahakama yoyote. Ninampenda Woolf kwa ujanja huo, ila sikubaliani na wahakiki wanaoutumia kumdharau Hall kana kwamba kusema wazi ni kukosa ufundi. Aliyesema wazi alilipa, na wengi waliokuja baada yake walipitia mlango alioupiga teke.

Kuna kundi la maandishi linalohitaji tahadhari ya namna nyingine: yale ya wanaume wa karne ya 19, hasa Ufaransa. Mshairi Baudelaire aliwahi kutangaza kwamba mkusanyo wake wa mashairi ungeitwa Les Lesbiennes kabla ya kuupa jina la Les Fleurs du mal. Mwaka 1857 mahakama ya Paris iliamuru mashairi sita yaondolewe, yakiwemo mawili yanayozungumzia mapenzi ya wanawake, na amri hiyo haikufutwa hadi 1949, mwaka uleule ambao riwaya ya Hall ilirudi madukani Uingereza. Mashairi hayo ni mazuri mno kwa sauti na picha. Lakini wanawake waliomo ni wa kutazamwa: wamelaaniwa, wanavutia, wako mbali, na hakuna hata mmoja anayepika, anayedaiwa kodi ya nyumba au anayezeeka. Usiyatupe. Yasome ukijua kwamba unatazama kupitia tundu la ufunguo, na jicho lililoko kwenye tundu si la mwanamke.

Ili usawazishe mizani, soma kilichoandikwa bila kutarajia msomaji. Anne Lister, mmiliki wa ardhi wa Halifax kaskazini mwa Uingereza, aliyefariki 1840, aliacha shajara yenye maneno yapata milioni tano, na takriban sehemu moja kati ya sita ameiandika kwa fumbo alilolitunga kwa herufi za Kigiriki, tarakimu na alama. Miaka ya 1890 ndugu yake wa ukoo, John Lister, na rafiki yake walilifumbua. Rafiki akashauri shajara zichomwe moto, John akazirudisha nyuma ya ubao wa ukuta katika nyumba ya Shibden Hall. Wasomaji wa kawaida walizipata 1988 kwa kazi ya Helena Whitbread. Ndani yake kuna mwanamke anayewapenda wanawake, anayehesabu gharama za makaa ya mawe, anayesali, anayegombana na majirani, na ambaye hajioni kuwa amelaaniwa. Aliishi wakati mmoja na Balzac. Kama shauri lile la kuchoma lingefuatwa, tungebaki na Paquita peke yake, nasi tungesema ndivyo wanawake walivyokuwa.

Jedwali langu la kwanza lilikuwa na kasoro nyingine inayonisikitisha hadi leo: wote waliomo walikuwa wazungu. Usifanye kosa hilo. Audre Lorde, mzaliwa wa New York ambaye mama yake alitoka kisiwa cha Carriacou huko Grenada, alikiita kitabu cha maisha yake cha 1982 Zami, neno la kisiwani humo linalowataja wanawake wanaofanya kazi pamoja kama marafiki na wapenzi. Neno lenyewe linaanza na kazi na urafiki, wala halina hospitali ndani yake. Lorde anasimulia pia jinsi mlinzi wa mlango katika baa za wanawake za New York miaka ya 1950 alivyomdai yeye kitambulisho mara kwa mara huku wenzake weupe, waliokuwa wadogo kwake kwa umri, wakipita. Mwaka huohuo wa 1982 ilitoka The Color Purple ya Alice Walker, iliyopata tuzo ya Pulitzer mwaka uliofuata. Kama umeona filamu ya 1985 pekee, hujakutana na Celie na Shug, wanawake wawili wapendanao wa riwaya hiyo. Filamu iliyapunguza mapenzi yao hadi kubaki busu, ilhali kitabuni ndiyo yanayomrudishia Celie sauti yake.

Baada ya hapo njia ni nyepesi. Waandishi wa Uingereza Jeanette Winterson na Sarah Waters watakupokea bila masharti mengi.

Ushauri wangu wa mwisho unawahusu wanaotafsiri, nao nimeupata kwa kufedheheka. Kikundi chetu cha kusoma hukutana sebuleni kwa rafiki, na jioni moja niliwasomea tafsiri yangu ya shairi pekee la Sappho lililotufikia likiwa kamili, lile la kumwomba Aphrodite msaada. Mungu mke anamwahidi kwamba anayekimbia sasa atafuata, na asiyependa atapenda, hata kama hataki. Katika Kigiriki, neno hilo moja la kutotaka, lenye umbo la kike, ndilo linaloonyesha kwamba mpendwa ni mwanamke. Ambrose Philips alipolitafsiri kwa Kiingereza mwaka 1711 alimgeuza mpendwa kuwa mwanamume. Mimi nilikuwa nimemsema sana Philips katika tasnifu.

Nilipomaliza kusoma, mama mmoja mtu mzima ambaye sote humwita Bi Mkubwa alitikisa kichwa akasema, "Maskini binti wa watu, huyo mwanamume atamtesa."

Nikamwambia, "Bi Mkubwa, si mwanamume. Ni mwanamke anayempenda."

Akanitazama, akaniomba karatasi, akaifuata mistari kwa kidole. Atafuata, atatoa, atapenda, hataki. Kiswahili chetu hakimtaji mke wala mume katika viambishi hivyo, nami sikuwa nimeongeza neno lolote la kuonyesha.

"Sasa mwanangu," akasema, "mbona hukusema?"

Nilichukua kalamu palepale, nikaandika juu ya mstari: hata kama binti huyo hataki.