Kesi ya Deni Ipiganie Kule Chini, Usiitegemee Rufaa

Nikikaa na wafanyabiashara wenzangu hapa Mombasa, mazungumzo yakifika kwenye madeni, hakosi mmoja wa kusema, "Nikishindwa, si nitakata rufaa?" Ndugu yangu, usiende mahakamani na fikra hiyo. Rufaa ipo, lakini mlango wake ni mwembamba, na kwa sisi tunaodai laki mbili laki tano ni mwembamba zaidi.

Mimi natengeneza samani. Mteja mmoja mwenye nyumba za wageni alichukua vitanda na makabati kwa mkataba, akalipa nusu, akanyamaza. Nikampeleka Mahakama ya Madai Madogo, inayosikiliza madai ya hadi shilingi milioni 1 na ambayo sheria inaitaka imalize kesi ndani ya siku 60. Nikashinda. Akakata rufaa Mahakama Kuu, akidai makabati yalifika yamepasuka. Kule chini hakuleta picha wala shahidi. Jaji hakulifungua tena suala hilo, kwa sababu kifungu cha 38 cha Sheria ya Mahakama ya Madai Madogo ya 2016 kinaruhusu rufaa kwa hoja za kisheria tu, na anachoamua jaji ndicho cha mwisho. Kabati limepasuka au halikupasuka, hilo ni swali la ushahidi, na ushahidi ulikuwa umeshapimwa.

Kilichonisimamia ni karatasi. Mzigo hautoki karakanani bila daftari la nakala: kitu gani, vingapi, viko katika hali gani. Mpokeaji anaandika kwa mkono wake "nimepokea vikiwa vizuri", jina, tarehe, saini. Askari wa getini akitaka kusaini kwa niaba ya bosi, namwambia dereva asubiri. Meseji za WhatsApp nilizichapisha zote, ikiwemo ile ya mteja kuomba apewe hadi mwisho wa mwezi, pamoja na taarifa ya M-Pesa. Kama una shahidi, mlete siku hiyo hiyo. Shahidi wa akiba hana kazi.

Dai likizidi milioni 1 unakwenda kwa hakimu. Hakimu mkuu anaweza kusikiliza hadi milioni 20. Hapo rufaa ya kwanza ina nafasi kubwa zaidi, maana Mahakama Kuu huupitia ushahidi upya na kufikia uamuzi wake yenyewe. Lakini jaji anasoma yaliyoandikwa. Hakuwaona mashahidi wakizungumza, na hilo hulizingatia. Una siku 30 za kukata rufaa hiyo. Omba nakala ya hukumu na ya mwenendo wa kesi kwa maandishi mara tu hukumu inaposomwa, na ubaki na nakala ya barua yako yenye mhuri wa masijala. Ukitaka kupanda tena hadi Mahakama ya Rufaa, hoja ni za kisheria pekee.

Wengi hushtuka dalali wa mahakama anapobisha hodi kukamata mali huku rufaa yao imeshasajiliwa. Kukata rufaa hakusimamishi utekelezaji wa hukumu. Ni lazima uombe zuio, uombe bila kuchelewa, uonyeshe utapata hasara kubwa, na utoe dhamana. Mara nyingi mahakama huagiza pesa ziwekwe katika akaunti ya pamoja ya mawakili wa pande zote mbili. Kwa hiyo kabla hujakata rufaa jiulize: pesa hizo unazo?

Na kuna hili la makubaliano ya kumaliza kesi, linaloniuma kwa sababu nimeona watu wakiumia. Mnaitwa nje ya chumba cha mahakama, mawakili wanaandika karatasi haraka, mnatia saini, inakuwa hukumu. Hukumu ya namna hiyo haikatiwi rufaa, sheria imekataza. Kuivunja hadi uthibitishe kitu kama udanganyifu. Basi omba muda, hata kama wakili wako ana kesi nyingine saa tano. Soma kila tarakimu na kila tarehe ya malipo, uulize itakuwaje awamu moja isipolipwa. Kama hilo halimo kwenye karatasi, usisaini mpaka liandikwe.