Kisanduku kifuani mwa mama: kina madhara?

Pole kwa kuuguza, dada. Unasema mama amelazwa hapa Kisumu, amevalishwa kisanduku chenye nyaya kifuani, na shangazi anadai kina mionzi ya kumuunguza. Hapana. Zile stika ni elektrodi: zinanasa umeme mdogo wa moyo wake mwenyewe, na kisanduku kinautuma kwa mawimbi hafifu ya redio hadi kwenye skrini ya manesi. Si eksirei.

Hiyo ndiyo telemetria, ileile ya wanaanga. Mwaka 1971 madaktari wa NASA, wakiwa Houston, waliona mapigo ya James Irwin wa Apollo 15 yakienda mrama, naye yuko huko karibu na mwezi! Nesi wa mama yako yuko hatua chache tu.

Kengele ikilia, mara nyingi ni stika iliyobanduka kwa jasho, na joto la Kisumu unalijua. Usiizime, mwite nesi. Muulize pia mama anaruhusiwa kutembea hadi wapi, maana akivuka eneo la antena mapigo hayaonekani tena. Kuoga, aulize kwanza. Akihisi kizunguzungu asingoje kengele, aseme papo hapo.

Shangazi mwambie alete uji.