Re: Muvi haijatoka ila kuna tovuti inadai inayo nzima, niamini?

Salama mkuu. Nimekuelewa hivi: umeona trela YouTube, muvi inasemekana inatoka mwezi ujao, na kuna tovuti inadai inayo nzima ila uweke kwanza namba ya kadi. Usiweke. Muvi haijaingia sinema, wao wameitoa wapi? Mimi niliwahi kunaswa na mtego kama huo: nilikatwa hela, nikaishia kuangalia kiduara kinazunguka tu.

Anza na hiyo trela. Bonyeza jina la chaneli, uone kama ni ya studio yenyewe. Halafu fungua maelezo chini ya video, shuka mpaka mwisho kabisa. Huko ndiko wanakoficha maneno "concept trailer", yaani ya kubuni: vipande vya muvi za zamani vimeungwa, na siku hizi sura za AI juu yake. Watazamaji milioni si ushahidi.

Tarehe ichukue kwenye ukurasa wa studio, lakini hiyo mara nyingi ni ya Marekani. Kwa Dar mimi hufuata ratiba ya Century Cinemax pale Mlimani City. Tiketi zikianza kuuzwa, hapo sina shaka tena.

Ukitaka kuangalia nyumbani, ingia JustWatch, tovuti inayoonyesha muvi iko kwenye huduma gani, na ubadilishe nchi iwe Tanzania. Wengi wanasahau hapo, wanalipia huduma ambayo muvi hiyo iko Marekani tu. Ikiwa ni ya Netflix, itafute humohumo ubonyeze kengele ya kukumbushwa.

Tupia hapa jina la hiyo chaneli tuichungulie.