Ngazi ya Nyuma

SWALI: Ndugu Mhariri, mwaka jana nilitembezwa katika jumba la kale la makabaila mashambani Uingereza. Nyuma ya ngazi pana ya wenyeji palikuwa na nyingine nyembamba, isiyo na pambo lolote. Je, ilijengwa kwa ajili ya kukimbilia moto unapozuka? Msomaji, Tanga.

JIBU: La, ndugu msomaji, hiyo ilikuwa njia ya watumishi, na majumba hayo hayakuwa nayo tangu mwanzo. Ukumbi wa Penshurst Place, huko Kent, uliojengwa katika karne ya 14, una meko katikati ya sakafu, kwa kuwa enzi hizo bwana na watumishi wake walikula chini ya paa moja, na heshima ya bwana ilionekana katika wingi wa watu waliomzunguka.

Baadaye mabwana walijitenga katika vyumba vyao, na watu wale wale waliokuwa fahari yao wakageuka kuwa wa kufichwa. Katika karne ya 17 Roger Pratt, aliyesanifu jumba la Coleshill, alishauri kwamba watumishi wa kawaida wasionekane wakipita huku na huko. Ngazi ya nyuma ndiyo iliyowapitisha na kuni, maji na vyombo vya haja. Katika jumba la Kedleston, karne iliyofuata, jiko liliwekwa katika jengo la pembeni, na jumba la Uppark hata leo lina njia za chini ya ardhi walizopita watumishi.

Kwa maoni yangu, kilichokamilisha utengano huo ni kengele ya waya, iliyovutwa chumbani ikalia kule waliko watumishi, na ambayo ilienea kuanzia mwishoni mwa karne ya 18. Kabla yake mtumishi alilazimika kukaa karibu ili asikie akiitwa. Sasa aliweza kuwekwa mbali kabisa, asionekane hadi atakapohitajika.

Wapo pia ambao hata ngazi hiyo hawakuikanyaga. Harewood, lililoanza kujengwa mwaka 1759, ni jumba la Edwin Lascelles, ambaye ukoo wake ulitajirika kwa sukari na biashara ya watumwa katika visiwa vya Karibi. Haifai kusifu dari zake bila kuwataja watumwa hao.

Ukirudi tena, omba uonyeshwe ubao wa kengele karibu na jiko: mara nyingi kila kengele ina jina la chumba chake, na mtumishi aliitambua kwa mlio wake.